Mredwudi Mbali na Ukungu

Mwezi wa Aprili 2015, ukame ukiwa umeingia mwaka wa nne, Gavana Jerry Brown wa California aliamuru miji ya jimbo lake ipunguze matumizi ya maji kwa asilimia 25. Wakazi wa Sacramento na miji ya jirani waliitikia. Walifunga mabomba ya bustani, nyasi zikakauka, na ua wa rangi ya kahawia ukawa alama ya raia mwema. Halafu miredwudi ikaanza kudhoofika na kufa. Ilianzia juu: kilele kikapukutika, matawi yakashika rangi ya kutu, shina likabaki limesimama kama mlingoti. Ilikuwa miti mirefu kupita paa zote za mtaa, na wenye nyumba wengi hawakuwa wamewahi kufikiria kuimwagilia. Hawakuona haja. Miaka yote hiyo mti ulikuwa ukinywa maji ya nyasi.

Kisa hicho hunirudia kila ninaposikia mtu akiuliza kama mredwudi unaweza kuoteshwa kwa mbegu mahali pakavu. Swali hilo huulizwa sana, maana mbegu zenyewe hupatikana kwa urahisi, katika vipakiti vidogo vinavyouzwa hadi kwenye intaneti, na mtu aliyesimama chini ya mti wa mita 100 hutamani kurudi nyumbani na sehemu ya mti ule. Jibu la haraka ni kwamba mbegu itaota. Ndani ya trei yenye unyevu, mbegu haijui kama nje ya dirisha kuna jangwa. Uzito wa swali uko mbele zaidi, nao ni uzito wa malezi: nani atakuwa akiupa mti huo maji mwaka wa 5, wa 15, wa 40?

Tujue kwanza tunazungumzia mti gani, kwa sababu jina la redwudi linabeba miti mitatu yenye tabia tofauti. Wa kwanza ni mredwudi wa pwani, Sequoia sempervirens, mti mrefu kuliko yote duniani. Ule uitwao Hyperion, uliogunduliwa mwaka 2006 kaskazini mwa California, una urefu wa mita 115 na ushei. Wa pili ni msekwoya mkubwa, Sequoiadendron giganteum, wa milima ya Sierra Nevada. Huu haufikii urefu wa ndugu yake, lakini kwa ukubwa wa shina hauna mpinzani: General Sherman, mashuhuri kuliko yote, hukadiriwa kuwa na mita za ujazo 1,487. Wa tatu ni metasekwoya wa China, uliopewa jina kutokana na visukuku mwaka 1941, kisha ukakutwa ungali hai katika miaka hiyo hiyo ya 1940. Metasekwoya hupukutisha majani kila mwaka na hupenda kusimama karibu na maji. Mahali pakavu majani yake huungua kingoni, na sitauzungumzia zaidi. Yote mitatu ni ya ukoo mmoja na saipresi za mashamba yetu ya miti na mtarakwa wa nyanda za juu za Kenya na Tanzania. Ukoo, hata hivyo, haugawi ustahimilivu sawasawa, na mjadala wenyewe uko kati ya ile miwili ya California.

Mredwudi wa pwani huota wenyewe katika ukanda mwembamba wenye urefu wa kilomita zaidi ya 700, kutoka kusini magharibi mwa Oregon hadi Big Sur, na ni nadra kuukuta mbali zaidi ya kilomita 50 kutoka baharini. Anayetazama takwimu za mvua peke yake hudanganyika. Zipo sehemu za ukanda huo zinazopata milimita 640 tu kwa mwaka, kiasi kisichopishana sana na cha Dodoma. Isitoshe, mvua hiyo huja wakati wa baridi. Majira ya joto mbingu hufunga. Mtu akiishia hapo ataamini kwamba huu ni mti wa nchi kavu. Lakini mchana wa Julai katika msitu ulio karibu na pwani mara nyingi hauzidi nyuzi 20, na ukungu hupanda kutoka Pasifiki, bahari yenye maji baridi, ukaingia mabondeni na kulala humo hadi jua lipate nguvu.

Todd Dawson wa Chuo Kikuu cha California, Berkeley, alilipima jambo hilo kwa miaka mitatu na kuchapisha matokeo mwaka 1998. Katika msitu alioufanyia kazi, asilimia 34 ya maji yote ya mwaka yalitokana na ukungu ulionaswa na miredwudi yenyewe na kudondoka chini. Utafiti uliofuata ulionyesha kwamba majani nayo hunywa: unyevu ulioganda juu ya jani huingia ndani moja kwa moja, bila kupitia mizizini. Mwaka 2022 wanasayansi wakaeleza kwamba mti huu una vitawi vya namna mbili, vingine vya kutengeneza chakula na vingine ambavyo kazi yao kubwa ni kufyonza maji. Chini ya ardhi kuna udhaifu unaoufanya msaada huo wa juu uwe wa lazima. Mizizi ya mredwudi haina vile vinyweleo ambavyo mimea mingi hutumia kukamua unyevu wa mwisho kutoka kwenye chembe za udongo. Udongo ukianza kukauka, mwenye shamba la mihogo bado ana matumaini. Mredwudi huwa umekwisha kushindwa.

Wasomaji walioko Salalah, Oman, wanalijua jambo hili bila kufika California. Milima ya Dhofar imepakana na jangwa, lakini wakati wa kharif, Juni hadi Septemba, mawingu ya bahari huilalia na miti hukinga manyunyu kwa majani yake. Watafiti waliopima misitu ile walieleza kwamba taji la mti hunasa maji mengi kuliko nyasi, na wakaonya kwamba pale ambapo ngamia wamekula miti hadi ikaisha, huenda isirudi, kwa kuwa mmea mfupi haukusanyi ukungu wa kuutosha. Hapo ndipo lilipo fundo la suala zima. Mredwudi mkubwa hujinywesha. Mche hunyweshwa na wakubwa. Msituni mche hupata matone ya mama, kivuli cha mama, na zulia la majani ya mama linalozuia udongo usikauke. Ukiuotesha peke yake katika mji wa Fresno, California, ambako mvua ya mwaka ni kama milimita 280 na mchana wa Julai hufika nyuzi 37, umeotesha yatima. Kila ambacho msitu ungeufanyia, utaufanyia wewe.

Msekwoya mkubwa umelelewa na mama mwingine. Huota upande wa magharibi wa Sierra Nevada, katika misitu midogo kama 70 au 80 iliyotawanyika, mingi ikiwa kati ya mita 1,400 na 2,200 juu ya usawa wa bahari. Haupati ukungu wa bahari, na hewa yake ya majira ya joto ni kavu kwelikweli. Kinachouweka hai ni theluji. Hujikusanya wakati wa baridi, huyeyuka polepole, na maji yake huzama na kutembea chini ya ardhi hadi mahali misekwoya iliposimama. Kwa hiyo msekwoya umezoea hewa kavu. Udongo mkavu haukuuzoea. Ningependa kila mpandaji aishike tofauti hiyo kabla hajatoa pesa yake. Penye hewa kavu, baridi ya kweli katika msimu wake, na maji ya kina kama vile bonde la kijito au mguu wa mlima, msekwoya una nafasi nzuri kuliko mredwudi wa pwani. Pasipo na baridi kabisa, mredwudi wa pwani hufaa zaidi, mradi maji yasikatike. Miji ya Bonde la Kati la California, kama Sacramento, ni ushahidi wa pande zote mbili: miredwudi ilikua huko kwa kasi ya kushangaza, na ikafa bomba lilipofungwa.

Sasa mbegu yenyewe. Koni ya mredwudi wa pwani ina urefu wa sentimita 2 au 3, mbegu yake ni ya milimita 3 au 4, na kilo moja hubeba mbegu kwa laki na laki. Wingi huo unadanganya. Nyingi ni tupu: ganda limekamilika lakini ndani hamna kiini, au mmejaa tanini iliyokauka, unga wa rangi ya kahawia. Kuota kwa asilimia 10 ni jambo la kawaida, na mara nyingine hata hiyo haifikiwi. Aliyepanda mbegu 20 akapata mche mmoja asijilaumu. Njia ya kujua hali ya pakiti kabla ya kuipanda ni kupasua mbegu chache kwa wembe: iliyo hai ina nyama nyeupe, iliyokufa ina unga au hewa.

Mti wenyewe hauitegemei sana mbegu. Ukikatwa, huchipua kwenye kisiki. Moto wa Agosti 2020 ulipopita karibu eneo lote la hifadhi ya Big Basin, mashina yaliyobaki meusi kama mkaa yalivaa manyoya ya kijani baada ya miezi michache, na watafiti wakakuta kwamba machipukizi yale yalilishwa na akiba ya miongo mingi na kutoka katika macho yaliyolala chini ya gome kwa karne. Wenye vitalu California wamefuata njia hiyo hiyo. Miredwudi mingi ya bustani hutokana na vipandikizi vya mti mama mmoja, kama ule uitwao Aptos Blue, ili mnunuzi ajue atapata mti wa sura gani. Kwa mtu anayetaka mti wa kupamba ua, kipandikizi ni sawa kabisa. Lakini kwa mahali pakavu mimi naipa mbegu uzito zaidi. Vipandikizi elfu vya mti mmoja ni mti mmoja: udhaifu wao ni mmoja na watauonyesha siku moja. Mbegu elfu ni miti elfu, na kati yao huenda ikawapo michache inayovumilia chumvi kidogo zaidi, au inayofunga vitundu vya majani mapema jua linapokaza. Jenomu ya mti huu ni kubwa mno, ina kromosomu seti sita pale ambapo binadamu ana seti mbili, na utajiri huo hauwezi kujitokeza bila mbegu. Gharama yake ni kwamba lazima uoteshe mingi na ukubali kupoteza mingi.

Mbegu ya msekwoya ina subira. Koni zake, kubwa kama yai la kuku, zinaweza kukaa juu ya mti hadi miaka 20 zikiwa za kijani na zimefumba, kila moja ikiwa na mbegu zipatazo 200. Zinamngoja mmoja wa wageni watatu: kindi wa Douglas, anayetafuna nyama ya koni; mbawakawa mdogo ambaye mabuu yake hutoboa koni na kukata njia za maji; au moto. Moto ndio mgeni mkarimu. Joto lake hupanda hadi matawini, koni hukauka na kufumbuka, na mbegu humwagika juu ya ardhi iliyotoka kusafishwa, isiyo na takataka wala kivuli cha miti mingine. Kwa mpandaji wa nyumbani aliyenunua mbegu zilizokwisha kutolewa ndani ya koni, kinachobaki kuigwa ni majira ya baridi, na hayo huigwa kwa friji: mbegu hulowekwa usiku mmoja, huchanganywa na mchanga mnyevu, hutiwa katika mfuko na kuachwa siku 30 hadi 60 sehemu ya kawaida ya friji, si ya kugandishia. Mredwudi wa pwani hauhitaji haya. Kuloweka mbegu kwa siku moja katika maji baridi kunatosha.

Zote hupandwa juujuu, zikifunikwa kwa milimita 2 au 3 za mchanga, katika joto la nyuzi 20 hivi. Udongo uwe wa mchanga wa chembe kubwa na mboji iliyoiva, wenye kupitisha maji. Samadi mbichi isikaribie trei. Kati ya wiki mbili na tano utaona vishingo vyekundu. Mche wa mredwudi wa pwani hutokeza na vijani viwili, wa msekwoya kwa kawaida vinne, na hapo ndipo utakapojua kama muuzaji alikupa ulichomwomba.

Baada ya hapo huja msiba ambao wakazi wa nchi kavu huwa hawautarajii. Mtu aliyezoea kuogopa ukame huifunika trei kwa plastiki na kuinyunyizia asubuhi, mchana na jioni. Wiki ya tatu miche inaanguka mmoja baada ya mwingine, shingo ikiwa imekatika usawa wa udongo kama iliyobanwa na uzi. Ni kinyausi, kazi ya kuvu kama Fusarium na Rhizoctonia, na hakuna dawa ya kuuinua mche ulioanguka. Naamini kwamba katika hatua hii miche mingi ya redwudi huuawa na maji kuliko kiu. Kinga ni mazoea: trei iliyooshwa vizuri, maji yanayopandishwa kutoka chini kwa kuiweka trei ndani ya beseni, udongo wa juu kuachwa upoteze mng'ao kabla ya kunywesha tena, na upepo mwepesi kupita. Msituni pia mambo ni hayo hayo. Mbegu iliyoangukia kwenye tabaka nene la majani yaliyooza hukutana na kuvu wengi kuliko ile iliyoangukia kwenye udongo mtupu ulioachwa na moto, na tabaka hilo hilo hukauka upesi jua likiwaka.

Kuna kuvu wengine ambao mche unawahitaji, wale wanaoishi na mizizi na kuisaidia kuchota maji na madini. Wakongwe wa misitu Afrika Mashariki wanakumbuka jinsi udongo wa chini ya misonobari mikubwa ulivyobebwa kupelekwa vitaluni ili miche ya msonobari ishike. Ujuzi huo haufai hapa. Kuvu wa misonobari ni wa namna nyingine. Miredwudi hushirikiana na wale wanaoingia ndani ya seli za mizizi, wa aina ile ile inayoishi na mahindi na saipresi. Kiganja cha udongo wa chini ya mtarakwa wenye afya kina maana zaidi kuliko debe la udongo wa msonobari, na kitiwe baada ya mche kupita umri wa kinyausi.

Miche ikishapata majani ya kweli huhamishiwa kwenye viriba virefu, maana mzizi unaogonga chini na kujikunja leo ndio utakaoangusha mti kesho. Hapa miti miwili inaachana. Wa pwani huvumilia kivuli, na mahali pakavu huhitaji chandarua kinachopunguza jua kwa nusu pamoja na kinga ya upepo, kwa kuwa upepo mkavu hunyonya jani haraka kuliko mizizi isiyo na vinyweleo inavyoweza kulijaza. Msekwoya hutaka jua. Ukiufuga kivulini hurefuka bila nguvu na kuinama. Heri uuzoeshe jua kidogo kidogo tangu miezi ya kwanza. Mtoto umleavyo ndivyo akuavyo, na katika kitalu cha msekwoya usemi huu unaonekana kwa macho.

Unyweshaji nao ni malezi. Baada ya moto, miche ya msekwoya huota kwa maelfu chini ya miti mama, na sehemu kubwa hufa kabla ya mwaka kwisha. Huwa ni mashindano: udongo unakauka kutoka juu kwenda chini, mzizi unashuka, na mche ambao mzizi wake umepitwa na ukavu hauna wa kuuokoa. Anayenyunyizia kidogo kila siku anauambia mzizi ubaki juu, mahali patakapokauka kwanza. Afadhali kunywesha kwa wingi, maji yafike chini ya kiriba, kisha kungoja.

Shambani kosa linalojirudia ni bomba la matone lililofungwa kwenye shina siku ya kupanda na kuachwa hapo. Mizizi ya mredwudi haiendi chini sana. Huenda pembeni, na kwa mti mkubwa hufika mita 15 hadi 30 kutoka shinani. Mwaka wa kumi, tone linaloanguka karibu na gome halimnyweshi mtu. Pete ya maji lazima ipanuke kila mwaka, na juu yake yawepo matandazo ya majani au maganda ya mti, unene wa kiganja, yasiguse shina. Miti ya Sacramento ilistawi kwa sababu nyasi zilimwagiliwa eneo pana, na hakuna aliyejua kwamba huo ulikuwa umwagiliaji wa mti.

Nimeacha kwa makusudi jambo ambalo mimi ningelianza nalo kama ningekuwa na pakiti ya mbegu mkononi: ubora wa maji. Mredwudi wa pwani huchukia chumvi. Miji ya California ilipoanza kumwagilia bustani za umma kwa maji taka yaliyosafishwa, miredwudi ilikuwa miongoni mwa miti ya kwanza kulalamika. Ncha za majani ziliungua kutokana na sodiamu, kloridi na boroni zilizojikusanya udongoni. Mahali penye mvua nyingi, chumvi huoshwa na kuteremka. Mahali pakavu hubaki, na kila ndoo inaongeza yake. Visima vingi vya nchi kavu, kuanzia Dodoma hadi Ghuba, vina chumvi. Kipimo cha maji katika maabara kinagharimu kidogo ukilinganisha na miaka kumi ya kulea mti utakaokufa kwa kuanzia ncha za majani.

Kwa hiyo, je, msomaji wa Kitui au Singida aoteshe mredwudi? Miche mitano kwenye viriba, kwa ajili ya kujifunza na kufurahi, sioni ubaya wowote. Shamba zima, hapana, na sababu yangu ni maji. Mredwudi mkubwa hupitisha mamia ya lita kwa siku. Kenya imekwisha kupita kwenye mjadala wa aina hii na mkaratusi, hadi mwaka 2009 waziri wa mazingira, John Michuki, alipoagiza miti hiyo iondolewe kandokando ya mito. Mti mgeni unaokua haraka kwa kunywa sana hupendeza macho ya miaka ya mwanzo, na deni lake hulipwa na walio chini ya mkondo. Nyanda za juu zenye ukungu, kama Usambara, zingeufaa mredwudi wa pwani zaidi, lakini huko kila kipande cha msitu wa asili kina thamani kuliko mgeni yeyote.

Na kwa nchi kavu tunao mti wetu wenye fumbo la mbegu lisilopungua la msekwoya. Mukau, Melia volkensii, hutoa mbao nzuri nyekundu mahali penye mvua ya milimita 300 hadi 800, na kwa miaka mingi watu waliukata porini kwa sababu hawakuweza kuuotesha. Mbegu yake imefungwa ndani ya kokwa ngumu kama mfupa. Taasisi ya Utafiti wa Misitu ya Kenya, KEFRI, katika kituo chake cha Kitui, ilifundisha njia: kulipasua kokwa bila kuijeruhi mbegu, kukata ncha kidogo, kuloweka, kisha kulipasua ganda laini kwa wembe kabla ya kupanda kwenye mchanga safi. Ni kazi ya vidole na macho, na akina mama wa vitalu wa Ukambani wameiweza. Mtu mwenye subira ya kuotesha mredwudi ana subira ya kuotesha mukau, na baada ya miaka 10 hadi 15 atakuwa na mbao.

Ila lingekuwa kosa kulifanya swali hili liwe la wapenda bustani peke yao, kwa sababu ukavu sasa umeufuata mredwudi nyumbani kwake. Mwaka 2010 James Johnstone na Todd Dawson walikadiria kwamba saa za ukungu wa majira ya joto katika pwani ya California zilikuwa zimepungua kwa asilimia 33 tangu mwanzo wa karne ya 20. Milimani hali ni mbaya zaidi. Moto wa Castle wa mwaka 2020, uliokuja baada ya ukame mrefu na miongo mingi ya kuzuia mioto midogo, uliua misekwoya mikubwa inayokadiriwa kuwa kati ya 7,500 na 10,600, yaani asilimia 10 hadi 14 ya misekwoya yote mikubwa ya Sierra Nevada. Mwaka uliofuata mioto mingine iliua kati ya 2,261 na 3,637. Mti uliotegemea moto ufumbue koni zake umekutana na moto unaounguza koni zenyewe.

Ndiyo maana mwaka 2023 Idara ya Hifadhi za Taifa ya Marekani iliidhinisha mpango wa kupanda miche katika baadhi ya maeneo yaliyoungua ndani ya hifadhi za Sequoia na Kings Canyon. Makundi ya kutetea mapori yalipinga, hata mahakamani. Hoja yao ni kwamba mapori hayo yanalindwa na sheria dhidi ya mkono wa mtu, na kwamba miche ya asili ipo, tuipe muda. Hoja ya pili si ya kupuuzwa. Palipobaki miti mama hai, ardhi hujaa miche yenye mbegu za hapohapo, na kupanda juu yake ni kupoteza nguvu. Lakini pale ambapo mama wote wamekufa na koni zimeungua, mbegu ya msekwoya hairuki mbali vya kutosha kuvuka eneo kubwa lililoungua. Hapo kungoja ni kuamua, na uamuzi wenyewe ni vichaka. Mimi niko upande wa wanaopanda katika maeneo hayo, tena kwa mchanganyiko wa mbegu unaojumuisha zile za misitu mikavu zaidi, ili miche ipate nafasi katika hali ya hewa ijayo.

Hakuna bomba litakalofika huko, wala chandarua, wala mtu wa kurudi jioni na ndoo. Kazi ya namna hiyo hutegemea jicho la mpandaji: anatafuta upande wa kaskazini wa gogo lililoungua, au ubavu wa jiwe unaotupa kivuli alasiri, mahali theluji itakapochelewa kuyeyuka, anachimba hapo, anaushindilia mche kwa kisigino, na kwenda kutafuta gogo jingine.